Mashariki ya Zizi

Baba yangu alimshtaki jirani yetu kwa sababu ya korongo lililohama.

Kijiji chetu kiko nje kidogo ya Ikungi, mahali penye mawe makubwa na udongo mwekundu, na nyumba yetu na ya jirani zilitenganishwa na korongo hilo tangu enzi za babu zetu. Baba na jirani walichunga ng'ombe pamoja wakiwa watoto. Baba alikuja kuwa mzee wa kanisa, jirani akawa mwadhini wa msikiti wa kijiji, na kila mmoja alijua saa za ibada za mwenzake kuliko waumini wenyewe. Jirani alikuwa mdogo kidogo kwa umri, kwa hiyo alimwita baba kaka, na sisi watoto tulimwita baba mdogo.

Msimu mmoja mvua ilikuja kwa hasira. Ilipokatika, korongo lilikuwa limeacha njia yake ya zamani, karibu na zizi la jirani, na limechimba njia mpya karibu na kwetu. Katikati ya njia mbili hizo kikabaki kipande cha shamba chenye udongo mzuri uliosombwa na maji. Baba alisema mpaka ni pale korongo lilipokuwa. Jirani alisema babu zetu hawakuweka alama nyingine yoyote, walisema korongo ndio mpaka, na korongo lile pale, kila mtu analiona. Baraza la kata liliwaita, likawasihi, likawanywesha chai, likashindwa. Baba akaamua kwenda mjini kwenye baraza la ardhi.

Wakati huo mimi nilikuwa na saluni Singida mjini, na mtoto mwenye saluni mjini ndiye anayetafuta wakili. Nilimpata mmoja kupitia mteja wangu. Asubuhi tuliyokwenda ofisini kwake yeye mwenyewe alikuwa ana haraka ya kwenda kwenye kesi nyingine, akatuachia karani wake aandike maelezo.

Karani alikuwa dada mpole, anaandika haraka. Alimuuliza baba eneo la mgogoro liko wapi. Baba hakupenda maswali ya namna hiyo. Maisha yake yote hakuna mtu aliyewahi kumuuliza shamba lake liko wapi.

"Ukisimama kwenye zizi lake," alisema, "eneo liko huku." Akanyoosha mkono.

"Huku ni mashariki, baba?"

Baba akatazama mkono wake. Aliunyoosha kuelekea dirishani, na jua la asubuhi lilikuwa linaingia kwenye dirisha hilo hilo.

"Si unaona jua?" alisema.

Karani akaandika mashariki. Baba alikuwa ameonyesha kama vile bado amesimama nyumbani, na ofisi ile ilikuwa imegeukia kwingine kabisa. Mimi nilikuwa nje nazungumza kwenye simu; haya nilisimuliwa baadaye. Niliporudi baba alikuwa ameshaweka sahihi.

Sasa, magharibi ya zizi la jirani ndiko kuliko na kile kipande cha shamba. Mashariki ya zizi kuna nyumba ya jirani. Nyumba yenyewe ilikuwa tembe ya zamani, ya miti na udongo, paa lake bapa ambalo ukisimama juu unaona mpaka barabara ya Dodoma. Ndani alikuwa anaishi yeye, mke wake, mama yake mzazi na kuku wasio na idadi.

Baraza likapokea maombi na, kwa ombi la wakili wetu, likatoa amri ya muda: mpaka kesi iishe, mtu yeyote asijenge, asibomoe, asilime wala asikarabati chochote katika eneo la mgogoro. Baba alirudi na nakala ya amri akaiweka ndani ya Biblia. Jirani naye akapelekewa yake.

Alikwenda kuandikiwa majibu na kijana mmoja wa stationari pale Ikungi, ambaye alikuwa na majibu ya kesi ya mtu mwingine kwenye kompyuta na alibadilisha majina tu. Kwa hiyo majibu yalikana kila kitu. Aya ya kwanza ya maombi yetu ilisema mjibu maombi, yaani jirani, ni mtu mzima mwenye akili timamu, mkazi wa kijiji fulani. Majibu yakasema mjibu maombi anakanusha vikali yaliyomo katika aya ya kwanza na anamtaka mwombaji ayathibitishe.

Kesi ilianza kusikilizwa mwisho wa kiangazi. Mwenyekiti wa baraza alikuwa mama wa makamo, mtulivu, na pembeni yake walikaa wazee wawili wa baraza. Baba aliapa, akaeleza vizuri sana, kuhusu babu, korongo, mvua ile. Kisha mwenyekiti akamwambia jirani, ambaye hakuwa na wakili, kwamba anaweza kumuuliza shahidi maswali.

Jirani alisimama na nakala yake ya maombi. Alikuwa amevaa koti ambalo baba alimpa zamani.

"Shikamoo kaka."

"Marahaba."

Mwenyekiti akamwambia aende kwenye maswali.

"Kaka, hapa umeandika unadai eneo lililo mashariki ya zizi. Zizi la nani?"

"Lako."

"Mashariki ya zizi langu kuna nini?"

Baba akafikiri. Niliona anageuka polepole kwenye kizimba cha shahidi, anatafuta jua.

"Kuna nyumba yako," akasema.

"Kwa hiyo unadai nyumba yangu."

"Nani anadai nyumba yako? Nyumba yenyewe inavuja."

Mzee mmoja wa baraza akainamisha uso kwenye meza. Wakili wetu alikuwa ameshaanza kufungua karatasi zake kwa kasi. Jirani hakucheka. Baadaye alituambia kwamba tangu alipopelekewa yale maombi alijua kabisa yanasema nyumba, na alidhani baba amepandisha madai. Alikuwa na uchungu wa miezi. Alikuwa akitoka kuadhini anasimama kibarazani kwake kutazama kwetu na kujiuliza alimkosea nini kaka mpaka atake na nyumba.

Wakili akasimama akaomba ruhusa ya kurekebisha hati ya maombi, neno mashariki lisomeke magharibi. Alisema ni kosa la uchapaji. Mwenyekiti akamgeukia jirani, akamweleza kwa lugha rahisi kinachoombwa, akamuuliza kama ana pingamizi.

"Ninalo, mheshimiwa."

"Lipi?"

"Mimi nimeshtakiwa kuhusu nyumba yangu. Kuhusu nyumba yangu nina mashahidi kijiji kizima. Waliokuja kunisaidia kukandika wapo, aliyenizalisha mama yangu humo yupo. Nikishtakiwa kuhusu kile kipande cha korongo, sina shahidi hata mmoja. Kesi hii ninaishinda. Hiyo nyingine sijui."

"Aliyekuzalisha mama yako?"

"Aliyemzalisha mama yangu, mheshimiwa. Mimi ndiye niliyezaliwa."

Mwenyekiti aliandika kwa muda mrefu. Akasema kwa kuwa ushahidi umeshaanza na kuna pingamizi, wakili alete ombi lake kwa maandishi, na mjibu maombi naye ajibu kwa maandishi. Wakili wetu, ambaye nadhani aliona aibu kidogo, akasema upande wake hauna shida ile amri ya muda iondolewe kwenye nyumba mara moja. Jirani akapinga na hilo. Alisema akikubali nyumba itoke kwenye amri, atakuwa amekubali kwamba haikuwa kwenye kesi. Mwenyekiti akamshauri akatafute msaada wa kisheria, upo wa bure. Alisema ahsante, hakwenda. Kesi ikapangiwa tarehe ya mbali, mvua zikiwa zimeshaanza.

Mtu asiyejua tembe anaweza asielewe maana ya jambo hilo. Paa la tembe ni udongo, na kila mwaka kabla ya mvua lazima lipandwe, lizibwe nyufa, liongezwe udongo mwingine na kushindiliwa. Amri ilikataza kukarabati. Jirani alikuwa mtu anayeogopa serikali kwa dhati. Hata kodi ya baiskeli aliendelea kuiulizia miaka mingi baada ya kufutwa. Mkewe alimsihi apande na ndoo mbili tu za udongo, nani atajua. Alimjibu kwamba Mungu atajua na mtendaji wa kijiji atajua.

Kwa upande mwingine, kile kipande cha shamba, ambacho ndicho chenye ugomvi, hakikuwa chini ya amri yoyote duniani. Mvua ya kwanza ilipopiga, baba akatoka na jembe la ng'ombe akalima kutoka upande wetu. Jirani akatoka na la kwake akalima kutoka upande wake. Walikutana katikati. Mama alisema walisimama, wakasalimiana, wakaulizana hali ya ng'ombe, kisha kila mmoja akaendelea juu ya mistari ya mwenzake. Wote wawili wakapanda alizeti. Ziliota zimebanana kama nywele, na hakuna aliyethubutu kupunguzia, maana ukipunguzia unang'oa za nani?

Mimi nilikuwa nimekuja nyumbani siku paa lilipoanguka. Ilikuwa alasiri. Mvua ilikuwa imenyesha tangu asubuhi, ikapungua, na katika ule utulivu tukasikia sauti nzito upande wa pili wa korongo, kama gunia la mtama lililodondoshwa kutoka kwenye lori. Baba alikuwa wa kwanza kutoka. Alivuka maji ya korongo yakiwa mapajani, akiwa na umri ule. Tulipofika, upande mmoja wa tembe ulikuwa umekaa chini. Hakuna aliyeumia. Walikuwa wote jikoni, upande uliobaki, na bibi kizee, mama wa jirani, alikuwa anauliza kama kuku wametoka.

Jirani alisimama mbele ya nyumba yake akiwa amelowa.

"Kaka," alisema, "nakupa taarifa. Nyumba yako imeanguka."

Nilidhani anamdhihaki, lakini uso wake ulikuwa wa mtu anayetoa taarifa.

"Acha ujinga," baba alisema. "Mbebe mama."

Yeye mwenyewe ndiye aliyembeba, mgongoni, kuvuka korongo. Na hivyo ndivyo mjibu maombi na familia yake walivyohamia nyumbani kwa mwombaji, wakakaa kwetu karibu msimu mzima wa mvua.

Walipewa vyumba viwili vya uani. Mama na mama mdogo, mke wa jirani, walikuwa hawajazungumza vizuri tangu kesi ianze, na kwa siku chache za mwanzo walipika kwenye mafiga tofauti. Kisha kuni zikalowa, wakabaki na moto mmoja. Baada ya hapo nilikuwa nikija nawakuta wamekaa kwenye mkeka wanachambua mlenda na kuwasema waume zao kwa Kinyaturu, kwa raha ambayo sikuwahi kuiona kwa mama.

Wanaume walikuwa na shida nyingine. Wakili alikuwa amemwonya baba asizungumze na upande wa pili kuhusu kesi. Baba alilichukua onyo hilo kwa uzito wote. Walikula sahani moja, ugali wa uwele na maziwa, wakazungumza kuhusu ndama, bei za mnadani na nani amekufa. Lakini jambo likigusa kesi, baba alinigeukia mimi.

"Mwambie baba yako mdogo kwamba keshokutwa tunatakiwa mjini."

"Baba mdogo, keshokutwa mnatakiwa mjini."

"Mwambie nimesikia," jirani alijibu, akimega tonge.

Miwani yake ilikuwa imebaki chini ya kifusi. Ilipofika wakati wa kuandaa majibu ya lile ombi la marekebisho, aliniomba nimsomee hoja za wakili wetu, kisha niandike za kwake anavyosema. Nilimuuliza baba kama ni sawa. Baba alisema yeye hajaona kitu, yuko hapa anapumzika. Akajilaza kwenye kiti chake cha kamba, akafumba macho.

Jirani alisema niandike kwamba anapinga kwa sababu hapendi. Niliandika. Akasema niongeze kwamba kosa ni la mwombaji mwenyewe. Niliandika. Baada ya hapo akakwama. Kuku walipita.

"Mtu angesema," baba alisema bila kufumbua macho, "kwamba ameshajiandaa na kesi moja na sasa anapelekwa kwenye nyingine, atapata hasara. Angesema ombi limechelewa, maana mwombaji hati alikuwa nayo miezi yote, hakuisoma."

"Binti yangu, umesikia hiyo?" jirani aliniuliza.

"Nimesikia."

"Basi andika. Ni hoja nzuri."

"Mimi sijasema kitu," alisema baba. Alikuwa hawezi kuvumilia kuona kazi inafanywa vibaya, hata kazi ya kumpinga yeye.

Siku ya uamuzi tulikwenda mjini sote pamoja, mama akiwa amewafungia viazi vitamu kwenye kitambaa kimoja. Kwenye mlango wa baraza waliachana, mmoja akakaa benchi la kulia, mwingine la kushoto.

Mwenyekiti alisoma uamuzi taratibu. Alisema hoja za mjibu maombi ni nzito kuliko alivyotarajia, hasa ile ya kuchelewa, na wakili wetu alitakiwa kuisoma hati kabla ya kuileta. Baba alikaa wima kwa fahari, kisha akakumbuka yuko upande gani. Lakini, mwenyekiti akaendelea, kesi inatakiwa ihusu kile ambacho watu wanagombania kweli. Watu hawa hawagombanii nyumba. Akiendelea na hati ilivyo, atatumia muda wa baraza kuamua jambo ambalo wote wawili wanakubaliana nalo, na ugomvi wenyewe utabaki pale pale kwenye korongo. Marekebisho akayaruhusu. Gharama za siku zilizopotea zikawa juu yetu. Na mjibu maombi akapewa nafasi ya kurekebisha majibu yake pia.

"Na nakushauri," alimwambia, "uangalie aya ya kwanza."

Safari ile jirani alikwenda kwenye msaada wa kisheria. Majibu yaliyorekebishwa yalipoletwa, mwenyekiti aliyapitia mbele yetu.

"Naona sasa umekubali kwamba wewe ni mtu mzima mwenye akili timamu."

"Nimekubali, mheshimiwa. Nimefikiria."

Amri ya muda nayo ikabadilishwa ifuate hati mpya. Jirani aliomba nakala yenye muhuri. Alipofika nyumbani aliibandika kwenye mlango wa ile nusu ya nyumba iliyosimama, kwa ajili ya mtu yeyote ambaye angeuliza anafanya nini, kisha akapanda juu kuanza kazi. Kijiji kilikuja kusaidia. Baba alikata miti mipya ya paa kwenye shamba lake mwenyewe akaivusha. Walipomaliza, familia ile ikarudi kwao, na mama akakaa siku kadhaa akipika chakula kingi kupita kiasi na kugombana na sufuria.

Amri mpya ilikuwa na matatizo yake. Sasa alizeti ndizo zilizowekewa zuio, hakuna ruhusa ya kuzivuna. Zilikomaa, zikainamisha vichwa, ndege wakaja kutoka mpaka sijui wapi. Baba na jirani walisimama kila mmoja kwenye ukingo wake wakipiga debe kuwafukuza. Kupiga debe hakukukatazwa. Mwishowe ndege walikula karibu zote, na hilo likaondoa swali la kugawana.

Kesi yenyewe, baada ya hayo yote, ilikuwa fupi. Mwenyekiti na wazee wa baraza walikuja kuona eneo. Waliwauliza korongo la zamani lilipita wapi, na wote wawili wakaonyesha mahali pale pale, bila kubishana, hata wakasaidiana kukumbuka palipokuwa na mti. Baadaye hukumu ikasema mpaka ulikuwa pale walipouacha babu zao, na maji ya msimu mmoja hayawezi kumpa mtu ardhi ya mwenzake. Baba akashinda. Jirani akatangazwa kuwa ni mvamizi wa eneo lile na kutakiwa kuliacha.

Alipokea vizuri, isipokuwa neno hilo. Alisimama akauliza kama linaweza kurekebishwa.

"Hii ni hukumu," mwenyekiti alisema kwa upole. "Si hati ya maombi. Usiporidhika unaweza kukata rufaa."

"Nimeridhika na shamba, mheshimiwa. Ni hilo neno. Mimi ni mwadhini."

Mwenyekiti alimweleza kwamba ni neno la kisheria tu, halina maana ya tabia. Jirani alisema ahsante. Njia nzima ya kurudi alilirudia neno hilo chini chini, na baba, ambaye alistahili kufurahi, hakufurahi. Nadhani alikuwa amezoea kumsaidia kutafuta hoja, na safari hii hakuipata.

Mwezi ule ule jirani alimwozesha binti yake wa mwisho. Wageni walitoka Manyoni, Itigi na mjini. Baada ya pilau, wakati wa wazee kusema neno, baba alisimama bila kuitwa. Alikuwa amevaa suti yake ya kanisani. Akawasalimu Waislamu kwa salamu yao, Wakristo kwa yao.

"Nina jambo moja," alisema. "Mtasikia huko kwamba baraza limesema ndugu yangu huyu ni mvamizi. Mimi ndiye niliyeshtaki, na ninawaambia mbele ya wakwe zake: si mvamizi. Hajawahi kuvamia. Ni neno la karatasi."

Akakaa. Watu wa Manyoni, wakwe wenyewe, wakatazamana. Mpaka dakika ile hakuna hata mmoja kati yao aliyekuwa amesikia habari ya kesi, wala ya neno lenyewe. Mama mdogo alifunika uso kwa khanga, mabega yakitikisika, na mama yangu alikuwa amemshika mkono akitikisika naye.

Jirani alisimama taratibu, akamshukuru kaka yake kwa kumsafisha.

Kufikia jioni wakwe walikuwa wanamwita Mzee Mvamizi, kwanza kwa kunong'onezana, kisha kwa sauti. Jina likavuka korongo, likafika sokoni Ikungi. Yeye alilikataa kwa wiki chache, akachoka. Mwaka jana nilipompeleka mwanangu kumsalimia, mtoto alikimbia mbele yangu, akaamkia kabla sijamzuia: "Shikamoo babu mvamizi."

"Marahaba, mjukuu," alisema, akamsogezea kigoda. "Umekuja na nani?"